Robeson alikuwa mwigizaji kwanza, na mkasi ulikuwa kwa wenyewe

Mhariri,

Naomba nafasi katika ukurasa wako wa barua. Hivi karibuni mlichapisha makala kuhusu watu weusi katika filamu za kigeni, na humo Paul Robeson akapewa sentensi moja tu: mwimbaji wa Kimarekani ambaye Jomo Kenyatta aliwahi kutokea naye katika filamu iliyopigwa Uingereza. Si uongo. Lakini hata mtu akisema Siti binti Saad alikuwa muuza vyungu hatakuwa amesema uongo.

Mimi ni mtu wa jukwaa. Nimeigiza hapa Mombasa tangu ujana, na nilipozeeka nikawa nafundisha wanafunzi wa shule za upili wanaojiandaa kwa tamasha za drama. Kila mwaka wapo wawili watatu ambao baadaye huitwa kwenye usaili wa filamu za nje, wakarudi kwangu na karatasi ya mkataba kuniuliza watie sahihi au wasitie. Kwao huyu Robeson ana faida kuliko waigizaji wote ninaowajua, na faida yenyewe haimo katika nyimbo. Imo katika ugomvi mmoja uliomfuata maisha yake yote ya kazi: mwigizaji akishamaliza kuigiza, neno la mwisho juu ya alichokifanya ni la nani?

Alizaliwa Princeton, New Jersey, tarehe 9 Aprili 1898, mtoto wa mwisho nyumbani. Baba yake, William Drew Robeson, alizaliwa mtumwa North Carolina, akatoroka akiwa kijana wa miaka 15, akasoma hadi akawa mchungaji. Mama yake, Maria Louisa, aliungua kwa moto wa jiko mwaka 1904 akafariki, na Paul hata miaka sita hajatimiza. Akalelewa na mzee, na mzee alikuwa mtu wa mimbari. Jioni alikuwa akimsimamisha kijana atoe hotuba, akimkosoa neno kwa neno mpaka litamkwe sawasawa. Watu husema Robeson alijaliwa sauti. Ndiyo, alijaliwa, lakini sauti nzito bila matamshi ni ngurumo tu. Mwaka 1944, alipokuwa katika kilele cha kazi yake, chuo cha sanaa na fasihi cha Marekani kilimpa medali ya dhahabu, na haikuwa ya uimbaji wala uigizaji. Ilikuwa ya matamshi mazuri jukwaani. Mimi medali ile naihesabu ya yule mzee.

Mwaka 1915 alishinda nafasi ya masomo Chuo cha Rutgers, mwanafunzi mweusi wa tatu tangu chuo kianzishwe. Alipokwenda kujaribiwa katika timu ya mpira wa Kimarekani, wachezaji wenzake watarajiwa walimvunja pua na kumtegua bega siku ya kwanza. Aliporudi uwanjani, mmoja akamkanyaga mkono kwa kiatu chenye meno, kucha zikang'oka. Hapo Robeson akamnyanyua mtu huyo juu ya kichwa, yuko tayari kumpigiza chini, na kocha akapiga kelele kwamba amekubaliwa katika timu. Mwaka 1917 na 1918 alitajwa miongoni mwa wachezaji bora wa nchi nzima. Kisha akasomea sheria Columbia, akahitimu 1923, huku akilipia karo kwa kucheza mpira wa kulipwa. Uwakili haukumkaa muda. Katika ofisi aliyoajiriwa, karani wa Kizungu alikataa kuandika anachosomewa na mtu mweusi. Robeson akachukua kofia yake akaondoka.

Aliyemsukuma jukwaani ni mkewe, Eslanda Goode, mwanamke msomi wa kemia aliyefanya kazi katika maabara ya hospitali moja New York. Yeye ndiye aliyeshika hesabu, barua na mikataba. Nasisitiza mikataba. Anayesoma habari za Robeson bila kumsoma Eslanda ataona mambo yamejiendesha yenyewe.

Ili kuelewa alikuwa anaingia wapi, kumbuka kuwa nafasi za watu weusi katika michezo mikubwa ya Marekani zilikuwa zikichezwa na Wazungu waliojipaka masizi usoni. Ira Aldridge, mzaliwa wa New York wa 1807, alilazimika kuvuka bahari ndipo akubaliwe kucheza Shakespeare. Alicheza Othello, yule jemadari mweusi wa Shakespeare aliyemwoa Desdemona, mwanamke wa Kizungu, pale Covent Garden, London, mwaka 1833, akazunguka Ulaya, akafia Poland mwaka 1867. Kwao hakurudi.

Robeson alianzia pale Aldridge alipozuiliwa. Mei 1924, katika ukumbi mdogo wa Provincetown Playhouse mjini New York, alicheza katika tamthilia ya Eugene O'Neill kuhusu mwanasheria mtarajiwa mweusi aliyeoa mwanamke wa Kizungu. Kuna mahali mke anambusu mume mkono. Mkono tu! Magazeti yakachafuka wiki nyingi kabla pazia halijafunguliwa, vitisho vikaja kwa barua, na wakubwa wa jiji wakatafuta njia ya kuuzuia mchezo. Hawakupata sheria ya kuuzuia wote. Wakaukata kichwa: onyesho la kwanza lilikuwa na watoto weusi na weupe wakicheza pamoja, nao wakanyima kibali cha watoto kupanda jukwaani. Basi usiku wa ufunguzi muongozaji James Light alisimama mbele ya watazamaji akawasomea onyesho lile la kwanza kwa mdomo, kisha waigizaji wakubwa wakaendelea na mengine. Nimesimama jukwaani umeme ukakatika, nimesimama mwenzangu akasahau maneno ukurasa mzima, lakini kuingia baada ya mtu kusoma karatasi, ukumbi umekaa unasubiri fujo, hilo sijui ningelifanyaje. Robeson aliingia akacheza. Fujo hazikutokea.

Filamu yake ya kwanza, Body and Soul ya Oscar Micheaux, ilitoka 1925. Micheaux alikuwa mtayarishaji mweusi aliyejitegemea, na akampa Robeson kazi ya watu wawili: mhubiri tapeli aliyetoroka jela, na ndugu yake mpole. Ni filamu isiyo na sauti, kwa hiyo anayedhani Robeson ni koo tu aitazame hiyo. Tazama mabega. Yule tapeli anatembea mabega yakiwa mbele, mlevi wa kujipenda; yule ndugu mabega yamerudi ndani kana kwamba anaomba radhi kwa urefu wake. Bodi ya ukaguzi ya New York iliikataa filamu hiyo kwanza, na Micheaux akalazimika kuikata upya mpaka ipite. Mkasi, kwa mara ya pili.

Kisha London. Mwaka 1928 aliimba wimbo wake mashuhuri wa mto katika Show Boat, ukumbi wa Drury Lane, na hapo ndipo wengi wanapomjua na kumwachia. Mei 1930 alicheza Othello katika ukumbi wa Savoy, Desdemona akiwa Peggy Ashcroft, binti wa miaka 22. Amanda Aldridge, binti wa yule Ira, ndiye aliyekuwa akimfundisha sauti na matamshi. Yaani kazi ilitoka kwa baba ikapitia kwa binti. Mchezo wenyewe uliongozwa vibaya, taa hafifu, na mwenye jina kubwa mara kwa mara amewekwa nyuma ya jukwaa. Lakini Robeson mwenyewe alikiri jambo ambalo kila mwanafunzi wangu nimemsimulia: kwamba wiki mbili za kwanza, kila Desdemona alipomkaribia, yeye alikuwa akirudi nyuma. Miguu ilikataa. Alikulia nchi ambayo mtu mweusi aliuawa kwa tuhuma ya kumtazama mwanamke wa Kizungu, na mwili ulikumbuka hayo hata pale akili ilipojua kuwa huu ni mchezo na yule ni mkewe. Ilibidi aufundishe mwili wake kusimama. Kwangu huo ndio uigizaji, kuliko machozi ya glisirini tunayoyaona siku hizi.

Sasa tufike Kenya, maana hapo ndipo makala yenu ilipopita mbio.

Mwaka 1934 Robeson alijiandikisha katika Chuo cha Taaluma za Mashariki cha London kusoma lugha za Kiafrika, na Kiswahili kilikuwa mojawapo. Alikuwa na umri wa miaka kama 36, ana umaarufu na fedha, hana mtihani wa kupita wala kazi ya kuombea. Aliandika mwaka huo huo kwamba anataka kuwa Mwafrika, na kwamba mtu mweusi wa Marekani amefundishwa kuionea haya asili yake. London ilikuwa imejaa vijana wa Kiafrika, na katika kitabu chake alichokitoa 1958 anawataja Azikiwe, Nkrumah na Kenyatta kuwa miongoni mwa aliofahamiana nao huko.

Katika hali hiyo wakaja ndugu wawili, Alexander na Zoltan Korda, na filamu yao Sanders of the River. Zoltan alikuwa amekwenda Afrika na kamera, akarudi na picha za ngoma, mitumbwi na nyimbo za kweli. Robeson alioneshwa picha hizo, akasisimka. Akaona hapa ndipo utamaduni wa Kiafrika utakapooneshwa kwa heshima. Akakubali kuwa Bosambo, chifu wa Kiafrika katika hadithi hiyo. Kijiji cha Kiafrika kikajengwa Shepperton, kando ya London, na ekstra, yaani watu wa kujaza picha, wakakusanywa: mabaharia na wafanyakazi weusi kutoka miji ya bandari ya Uingereza, na wanafunzi wa Kiafrika waliokuwa na njaa ya fedha. Mmoja wao ni Kenyatta, aliyekuwa London akihangaikia ardhi ya Wakikuyu, na hakuwa na kipato cha kueleweka. Akapewa nafasi ndogo ya mmoja wa machifu.

Filamu ilipotoka 1935, ilikuwa kitu kingine. Inaanza kwa maandishi ya kuwasifu watumishi wa serikali ya mfalme wanaolinda amani. Sanders, mmoja wa watumishi hao, Mzungu peke yake, anawatuliza mamilioni kwa kuingia tu kambini, akisafiri, nchi inawaka moto, akirudi, kimya. Bosambo wa Robeson ni jitu zuri lenye ngozi ya chui, linalotabasamu na kumwomba bwana ruhusa. Zile ngoma za kweli alizozipenda zimo, lakini zimepangwa ili zimaanishe vurugu. Hakuna hata hatua moja ya ngoma iliyobadilishwa. Kilichobadilika ni kilichotangulia na kilichofuata.

Nalijua hili kwa ngozi yangu. Nilipokuwa kijana niliajiriwa ekstra katika filamu ya kigeni iliyopigwa hapa Pwani. Kampuni siitaji, na sidhani kama bado ipo. Tuliwekwa ufukweni tukivuta kamba ya mashua, tukaambiwa tupige kelele zozote za kwetu. Sisi tukaimba ya kuvutia jahazi, harambee, harambee, mmoja anaanzisha na wengine tunaitikia, na wazee waliokuwa wakitazama wakajiunga kwa furaha. Malipo tulipewa jioni ile ile, taslimu, na chai ya maziwa. Filamu ilipofika mjini tulikwenda kundi zima kujitazama. Ile sauti yetu ya kuvuta kamba tuliisikia usiku, katika kiza, juu ya picha ya nyumba ya daktari wa Kizungu inayotaka kuchomwa. Ukumbi mzima ukacheka, kwa sababu watu waliyasikia maneno: wauaji wakali wa porini wanahimizana kuvuta jahazi. Sisi hatukucheka sana. Pahala pa kulalamika hapakuwapo. Tulikuwa tumetia sahihi, na maandishi tuliyoyatilia sahihi hakuna aliyetusomea.

Kwa hiyo sina haja ya kumrushia Robeson mawe kuhusu Bosambo, ila pia simwoshi. Hadithi za Sanders za Edgar Wallace, ambazo filamu ilitokana nazo, zilikuwa zikiuzwa Uingereza miaka mingi kabla, na mtu aliyesomea sheria Columbia angejiuliza kwa nini filamu inayodaiwa kuwatukuza Waafrika imepewa jina la Mzungu. Mkewe naye alikuwa mwepesi wa kuona mambo, na safari hiyo hakuona. Tamaa ya kuonesha Afrika iliwapofusha. Baadaye Robeson mwenyewe alisema kuwa hiyo ndiyo filamu yake pekee ambayo ingeweza kuoneshwa Italia na Ujerumani za wakati ule, kwa sababu inamwonesha mtu mweusi kama mafashisti wanavyopenda awe.

Kilichonifanya nimheshimu ni alichofanya baada ya hapo. Machi 1936 alipanda jukwaani London kucheza Toussaint Louverture, mkombozi wa Haiti, katika tamthilia iliyoandikwa na C. L. R. James wa Trinidad. Mtu mweusi ameandika, mtu mweusi anacheza, na watumwa wanashinda. Mwaka huo huo alipoingia katika Song of Freedom, aliweka sharti katika mkataba: filamu ikishakatwa, haitoki mpaka yeye aikubali. Humo anacheza kuli wa bandari ya London anayekuwa mwimbaji wa opera na kugundua kuwa ukoo wake ni wa wafalme wa Afrika. Hadithi ina mapengo, na Afrika yake ni ya kubuni mno, lakini mwanzo wake, pale anapoonekana nyumbani na mkewe, jirani na Wazungu maskini, wakitaniana kama watu wa mtaa mmoja, ulikuwa jambo geni kabisa katika sinema za siku hizo. Wakati huo Eslanda alifunga safari na mtoto wao Pauli, wakafika Afrika Kusini na Uganda, akaandika kitabu juu ya safari hiyo. Paul hakuwahi kufika Afrika Mashariki. Alijifunza lugha yetu, wala hakupata kuisikia sokoni.

The Proud Valley ya 1940 ndiyo filamu ninayowaonesha vijana. Anacheza baharia mweusi anayefika bonde la wachimba makaa ya mawe huko Wales, anaajiriwa kwanza kwa sababu kwaya ya kijiji inahitaji sauti ya chini. Mchimbaji mmoja analalamika kuhusu rangi yake. Mwenziwe anamjibu kuwa chini ya mgodi wote ni weusi. Robeson humo hana ngozi ya chui. Ana koti kuukuu na masizi ya kazi, masizi ya kweli ambayo kila mwenzake anayo.

Halafu akarudi Hollywood, akaangukia shimo lile lile. Katika Tales of Manhattan ya 1942, wakulima weusi maskini wanaokota koti lenye fedha lililoanguka kutoka angani, wanaanza kuimba na kumshukuru Mungu. Alijaribu kubadilisha mambo wakati wa upigaji, hakufaulu. Filamu ilipotoka na watu wakapinga, alisema hadharani kuwa wapinzani wana haki na kwamba yeye angesimama nao mlangoni kuipinga. Akaacha filamu moja kwa moja akiwa na miaka 44. Wapo wanaoona alisusa mapema mno. Mimi naona alikuwa amepata hesabu: jukwaani, pazia likifunguka, hakuna anayeweza kukukata.

Na kweli, mwaka uliofuata ndipo alipofanya kazi yake kubwa kuliko zote. Tarehe 19 Oktoba 1943 Othello ilifunguliwa Broadway, mtaa wa kumbi kubwa za maigizo New York, katika ukumbi wa Shubert, chini ya uongozi wa Margaret Webster, Uta Hagen akiwa Desdemona na José Ferrer akiwa Iago. Miaka 13 ilikuwa imepita tangu London. Katika miaka hiyo, wenye fedha wa New York waliogopa mtu mweusi kumshika mwanamke wa Kizungu mbele ya watazamaji wao. Mchezo ulioneshwa mara 296. Hakuna tamthilia ya Shakespeare iliyopata kukaa muda mrefu hivyo Broadway. Kisha wakazunguka miji ya Marekani na Kanada, na hapa narudi kwenye mikataba: Robeson alikataa kucheza katika ukumbi wowote unaowatenga watazamaji kwa rangi. Miji ya kusini yenye desturi hiyo haikumwona. Alipoteza fedha nyingi, na Mzungu aliyepangiwa kiti ubavuni pa mtu mweusi huko Chicago au Seattle alikaa hapo hapo.

Yaliyofuata ni ya siasa, na nitayapitia haraka kwa kuwa wengine wameyaandika vizuri. Mwaka 1950 serikali ya Marekani ilimnyang'anya pasipoti, na mawakili wake walipokwenda mahakamani, serikali ikataja miongoni mwa sababu kwamba kwa miaka mingi amekuwa akipigania uhuru wa watu wa makoloni ya Afrika. Hilo lilikuwa kweli: aliongoza Baraza la Mambo ya Afrika mjini New York, na Kenyatta alipokamatwa Oktoba 1952 Robeson alimtetea waziwazi. Kumbi zilifungwa kwake, jina lake likafutwa hata katika orodha ya wachezaji bora wa mpira wa 1918. Aliisifu pia Urusi ya Stalin na akanyamaza juu ya maovu yake, na hilo ni doa ambalo wapenzi wake hawapaswi kulifunika. Yule mfalme wa Broadway na yule ekstra wa Shepperton walijikuta wamefungiwa kwa wakati mmoja, Kenyatta katika gereza la Lokitaung, kaskazini mwa Kenya, Robeson ndani ya mipaka ya nchi yake.

Mwaka 1957, kwa kuwa hakuweza kusafiri, aliimba New York kupitia simu ya chini ya bahari, na watu waliojaa ukumbi London wakamsikiliza kwa vipaza sauti. Miezi michache baadaye akafanya hivyo hivyo kwa wachimba migodi wa Wales. Pasipoti alirudishiwa 1958, baada ya hukumu ya Mahakama ya Juu ya Marekani. Aprili 1959 akapanda tena jukwaani kama Othello, safari hii Stratford-upon-Avon, mji wa Shakespeare mwenyewe, karibu anatimiza miaka 61, mgonjwa wa kifua aliyetoka hospitalini. Alicheza msimu mzima. Baada ya hapo afya ikavunjika, akarudi Marekani Desemba 1963, mwezi ule ule bendera yetu ilipopandishwa Nairobi. Alifariki Philadelphia tarehe 23 Januari 1976.

Sasa ombi langu, na ni la kazi. Wanaofundisha uigizaji, kuanzia walimu wa drama za shule hadi wenzetu wa chuo cha sanaa cha Bagamoyo, watenge kipindi kimoja cha kuitazama Sanders of the River pamoja na The Proud Valley, siku moja, moja baada ya nyingine, wanafunzi wakiwa na kalamu. Wasiulize nani anacheza vizuri. Waulize kila picha imewekwa baada ya picha gani. Na kijana anayeitwa kwenye filamu ya nje aombe skripti nzima, maana kurasa zake peke yake hazimwambii kitu. Aulize filamu itakatiwa wapi na nani. Aandikiwe katika mkataba kuwa sauti yake haitatumika penye tukio ambalo hakulicheza. Mengi atakataliwa, najua. Robeson mwenyewe alikuwa nyota wa dunia ndipo akakubaliwa sharti moja katika filamu moja. Lakini swali likiulizwa, mwenye kampuni anajua kuwa amekutana na mtu anayesoma.

Na ninyi mkitaka kumrudia katika toleo lijalo, tafadhali ile picha ya ngozi ya chui mliyoiweka iacheni. Zipo picha za Othello ya Broadway, ameketi na kanzu yake ndefu, Uta Hagen ameinama begani kwake, naye hakurudi nyuma.

Mwigizaji mstaafu,
Kisauni, Mombasa